Gigi Fernández ana mataji 17 ya Grand Slam ya tenisi, kisha akaenda kufundisha chuoni. Ni mchezo wa wawili uliompeleka huko?

#1 Raketi ya Umoja

Wadau, salaam. Swali hili limeninyima usingizi wiki mbili sasa.

Binti yangu ana miaka 16 na ameshika raketi tangu darasa la pili. Akicheza peke yake ni wa kawaida: leo anashinda, kesho anatolewa raundi ya kwanza. Lakini mpe mwenzake, wacheze wawili kwa wawili (doubles), utadhani umeletewa mtoto mwingine. Anajua mpira unakwenda wapi kabla haujapigwa. Mwezi jana kocha wa mahali anapofanyia mazoezi (sitapataja) aliniita kando akaniambia, "Mama, huo wa wawili ni mchezo wa wazee wa klabu Jumapili asubuhi. Makocha wa Marekani hawautazami. Aukazanie wa mmoja mmoja, ama asahau skolashipu." Nimelipa ada hapo miaka mitano. Nilirudi nyumbani na matatu ya Umoja bila kusema neno, na yeye ameketi kando yangu na raketi mapajani, hajui lolote.

Nikaanza kusoma, nikakutana na Gigi Fernández wa Puerto Rico. Mataji 17 ya Grand Slam, yale mashindano manne makubwa ya tenisi, yote ya wawili wawili. Dhahabu mbili za Olimpiki, Barcelona 1992 na Atlanta 1996. Peke yake hakuwahi kupita nambari 17 duniani. Alistaafu 1997, na mapema miaka ya 2000 akawa kocha wa timu ya wanawake ya University of South Florida, kule Tampa.

Dai langu ni hili: aliyebobea kwenye mchezo wa wawili ndiye anayefaa kuliko wote kuwa kocha wa chuo, kwa sababu maisha yake yote amecheza akimwangalia mwenzake. Nikosoeni.

#2 Kijana wa Donholm

Mama, umenena. Huyo Gigi mataji yake yote 17 alichukua na yule Mrusi, Zvereva, na zile dhahabu akachukua na dadake Mary Joe. Familia nzima ya tenisi.

#3 Mzee wa Wavu

Kijana, tulia nikurekebishe pole pole, maana nilizifuata mechi hizo nikiwa na nywele kichwani.

Moja, Natasha Zvereva ni wa Minsk, Belarus. Mbili, si yote 17. La kwanza, US Open 1988, alilitwaa na Robin White. US Open 1990 na Martina Navratilova. Roland Garros (French Open) 1991 na Jana Novotná. Ndipo zikaja 14 na Zvereva, kuanzia 1992 hadi 1997. Kati ya hizo kuna sita mfululizo, kutoka Roland Garros 1992 hadi Wimbledon 1993. Tatu, Mary Joe Fernández si dadake wala binamu. Mmoja ni wa San Juan, Puerto Rico, mwingine alizaliwa Jamhuri ya Dominika akakulia Miami. Jina limegongana tu, kama Otieno wawili kwenye daraja moja la Githurai.

Kwa mama mleta uzi: hebu hesabu wenzake. White, Navratilova, Novotná, Zvereva, Mary Joe. Watu watano wenye tabia tano, na akashinda na kila mmoja. Hapo ndipo ningeanzia mimi, kabla ya kuhesabu vikombe.

#4 Kijana wa Donholm

Asante mzee, nimekubali. Lakini Otieno wawili Githurai umetutafuta 😂

#5 Shangazi Alabama

Habari zenu. Niko huku Marekani mwaka wa kumi na mbili, mwanangu wa kiume alicheza tenisi chuoni, kwa hiyo hili la makocha kutoutazama mchezo wa wawili nitalijibu kwa kirefu. Si kweli, mama. Huyo kocha amekupotosha.

Mechi ya chuo kati ya timu mbili ina pointi saba. Inaanza na michezo mitatu ya wawili wawili, yote kwa wakati mmoja, viwanja vitatu vimepangana. Kila mmoja ni seti moja tu ya gemu sita. Timu itakayoshinda miwili kati ya hiyo mitatu inapata pointi moja. Kisha yanakuja ya mmoja mmoja, sita, kila moja na pointi yake. Wa kwanza kufika nne ameshinda siku hiyo.

Sasa utasema: pointi moja kati ya saba, ni nini? Keti pale ndipo utajua. Ile pointi ya wawili ndiyo ya kwanza, na timu ikiikosa inaingia kwenye sita zilizobaki ikihitaji kushinda nne. Nimeona wasichana wakitoka kwenye dakika arobaini za mwanzo nyuso zimekunjamana, na siku yote ikaharibika hapo. Tena hakuna kurudi rudi kwenye 40-40. Mkifika hapo inachezwa pointi moja, wanaopokea wanachagua upande, na gemu imekwisha. Anayetetemeka anaonekana.

Kwa hiyo kocha anahitaji wasichana sita wa kucheza wawili wawili. Wanatafutwa, tena sana.

#6 Mwalimu wa Michezo

Shangazi amesema kweli kuhusu pointi, lakini nisimwache mama na matumaini yasiyo na miguu. Wale sita wa wawili mara nyingi ni wale wale sita wa mmoja mmoja. Hakuna kocha atakayempa mtu nafasi kwa ajili ya seti moja halafu akae benchi siku nzima. Na nafasi si nyingi. Kwa miaka mingi timu ya wanawake ya Divisheni ya Kwanza, ngazi ya juu ya michezo ya vyuo, ilikuwa na skolashipu kamili 8, ya wanaume 4.5 za kugawana. Tangu 2025 kanuni zimebadilika, na vyuo vilivyoingia mpango mpya vina kikomo cha wachezaji 10 kikosini. Hao kumi wanatafutwa dunia nzima: Prague, Bogotá, Tokyo. Binti wa Umoja anashindana na hao.

Kuna Divisheni ya Pili pia, msidharau. Divisheni ya Tatu haitoi ufadhili wa michezo kabisa, na vile vyuo vikongwe vya Ivy League, kama Princeton, navyo havitoi, ingawa vinasaidia kwa kuangalia mapato ya familia.

Sikubaliani na kocha kumkatisha tamaa mtoto. Ila alipomwambia akazanie wa mmoja mmoja, nusu ya maneno yake ni ya kweli.

#7 Dada wa Kayole

Mwalimu, hiyo nusu ndiyo ilininyima mimi raha ya mchezo. Nilikuwa na mwenzangu, tulianza pamoja tukiwa na miaka 11 kwenye uwanja wenye ufa katikati na wavu uliofungwa kwa kamba ya manila. Tulikuwa na ishara zetu: aliye karibu na wavu anaficha mkono mgongoni, ngumi maana yake nakaa, kiganja wazi maana yake navamia. Hadi leo nikiona mtu ameweka mkono mgongoni benki kwenye foleni, macho yanaenda kwenye vidole.

Tulipofika miaka 15 tukatenganishwa "ili kila mmoja ajijenge." Yeye aliacha mwaka huo huo. Mimi nilimaliza mwaka mmoja zaidi nikacheza vibaya kila wiki, sina wa kuzungumza naye uwanjani. Hakuna aliyetuuliza. Mama, muulize binti kwanza.

#8 Raketi ya Umoja

Dada wa Kayole, hapo umenigusa. Sijamuuliza. Nitamuuliza leo jioni.

#9 Mpiga Sevu

Turudi kwa Gigi maana uzi unahamia Marekani yote. Mimi naona hakwenda chuoni kwa sababu ya mchezo wa wawili. Alikwenda kwa sababu ya deni lake mwenyewe la shule, si la pesa bali la masomo aliyoyaacha. Tazameni: alichezea chuo cha Clemson mwaka mmoja tu, akafika fainali ya NCAA (mashindano ya vyuo vya Marekani) ya mmoja mmoja 1983, akafungwa na Beth Herr, akaacha masomo akawa mchezaji wa kulipwa mwaka huo huo. Baada ya kustaafu alirudi darasani na kumaliza shahada ya saikolojia pale pale University of South Florida alikofundisha timu. Baadaye akachukua na shahada ya uzamili ya biashara Rollins College. Mtu mwenye dhahabu mbili ameketi kwenye dawati na watoto wa miaka 19! Huyo alikuwa anatafuta kitu alichokiacha.

#10 Mzee wa Wavu

Mpiga Sevu, hiyo ya saikolojia ni nzito. Na ongeza hili: Gigi alijulikana kwa hasira uwanjani. Raketi zilivunjika. Nami nadhani Zvereva ndiye aliyekuwa akimpoza. Mtu aliyeishi miaka yote akipozwa na mwenzake anajua thamani ya neno moja linalosemwa kwa wakati wake.

Hapo kuna jambo ambalo hakuna aliyeligusa. Enzi zao kocha hakuruhusiwa kusema chochote wakati wa mechi ya kulipwa. Angekaa jukwaani amefumba mdomo. Juzi juzi tu ndipo kanuni zimelegezwa. Lakini kwenye tenisi ya chuo kocha anaingia uwanjani, anaketi kwenye benchi, anazungumza na mchezaji wakibadilisha upande. Sasa nani amezoea kuzungumza katikati ya mechi? Aliyecheza peke yake miaka kumi na tano amezoea ukimya. Wa wawili amezungumza kila baada ya pointi, maelfu ya mara, na mara nyingi kwa mtu aliyetoka kukosea. Mimi nadhani kazi ya ukocha wa chuo alikuwa ameshaianza zamani, mshahara tu haukuwapo.

#11 Raketi ya Umoja

Mzee wa Wavu, hilo ndilo nililotaka kusema sikulipata maneno.

#12 Mwalimu wa Michezo

Ni hoja nzuri lakini haisimami peke yake. Laura Granville alikuwa bingwa wa NCAA wa mmoja mmoja 2000 na 2001 akiwa chuo cha Stanford, na mwaka 2012 akawa kocha wa Princeton. Wa mmoja mmoja huyo, na akafundisha.

#13 Shangazi Alabama

Na mimi nitakupa wa upande wa pili: Amanda Augustus. Bingwa wa NCAA wa wawili wawili 1998 na 1999, akicheza na Amy Jensen kule California, Berkeley. Akacheza tenisi ya kulipwa, kisha akarudi chuo kile kile kuwa kocha mkuu. Kwa hiyo tuko 1-1, Mwalimu. Pointi ya kukata shauri, chagua upande 😄

#14 Mwokota Mipira

Niruhusuni, mimi nimeokota mipira klabu za huku tangu nikiwa mdogo, sasa nafundisha watoto. Hamjataja pesa. Mchezaji wa wawili analipwa kidogo kuliko wa mmoja mmoja, tena mnagawana. Hoteli, ndege, nyuzi, kila kitu ni chako. Wa mmoja mmoja aliyefika kumi bora anastaafu na kununua nyumba. Wa wawili anastaafu na kutafuta kazi. Chuo kina mshahara kila mwezi, bima na ofisi. Ndiyo maana wako wengi huko. Sisemi hawapendi kazi, nasema tumbo nalo lina sauti.

#15 Mpiga Sevu

Lakini Gigi hakuwa na njaa, ndugu. Mataji 17.

#16 Mwokota Mipira

Sikusema njaa. Nilisema kazi. Mtu wa miaka 33 aliyestaafu ana miaka mingine thelathini ya kufanya kazi.

#17 Kijana wa Donholm

Na je kwao Puerto Rico walimchukuliaje? Nimesikia alichezea Marekani Olimpiki.

#18 Mzee wa Wavu

Ndiyo, na lilikuwa jambo. Puerto Rico ina timu yake ya Olimpiki. Gigi alichagua kuvaa jezi ya Marekani kwa sababu huko alikuwa na mwenzake wa kiwango cha kuchukua medali. Barcelona waliwafunga Arantxa Sánchez Vicario na Conchita Martínez, Wahispania wakiwa kwao, mfalme wao akiwa jukwaani. Seti tatu. Wengi wa nyumbani kwao walifurahi, wengine walinuna. Dhahabu ya kwanza ya Puerto Rico yenyewe ilikuja 2016, Monica Puig, tena kwenye tenisi. Kwa hiyo hata hili la kuchagua bendera, ukilitazama, lilikuwa ni suala la kumchagua mwenza.

#19 Dada wa Kayole

Tunamzungumzia wa Puerto Rico na sisi tuna wetu. Angella Okutoyi alichukua Wimbledon 2022 kwa mchezo huu huu wa wawili! Na akaenda chuo Marekani.

#20 Shangazi Alabama

Wimbledon ya vijana, dada, tuseme sawa ili wasitucheke. Wasichana wawili wawili, Julai 2022, na Rose Marie Nijkamp wa Uholanzi. Fainali waliwafunga Wakanada, Kayla Cross na Victoria Mboko, 3-6, 6-4, 11-9. Mkenya wa kwanza kutwaa taji la Grand Slam la vijana. Huyo Mboko leo dunia nzima inamjua.

Kisha akaja huku kwetu, Auburn University. Nilipomwona mara ya kwanza uwanjani na ile jezi ya rangi ya chungwa na buluu nilipiga kelele hadi mtu wa mbele akageuka. Msichana aliyelelewa na nyanya yake Nairobi, yeye na pacha wake Rosehilda. Na Machi 2024 akaichukulia Kenya dhahabu ya mmoja mmoja kwenye Michezo ya Afrika kule Accra.

Mama Umoja, mwonyeshe kocha wako huu ujumbe. Taji lililolitangaza jina la mtoto wetu duniani lilikuwa la wawili.

#21 Mwalimu wa Michezo

Nami nitaongeza kwamba kabla ya hapo, mwaka huo huo, alikuwa ameshashinda mechi za mmoja mmoja za vijana kwenye Australian Open. Hakufika kwa mguu mmoja.

#22 Nyuzi na Mipira

Mimi nafunga nyuzi za raketi, naona mikono ya watu wengi. Nina nadharia yangu kuhusu Nairobi. Tuko karibu mita 1,700 juu ya bahari. Hewa ni nyepesi, mpira unapaa. Kanuni za tenisi zina hata mpira maalum kwa viwanja vilivyo juu ya mita 1,219, lakini wengi wetu tunacheza na wowote ulioingia dukani. Sasa mtoto wa Nairobi akisimama karibu na wavu mpira unamfikia upesi mno. Hana wakati wa kurudisha raketi nyuma. Anajifunza kuweka uso wa raketi tu, kifua mbele, goti limekunjwa. Hiyo ndiyo voli ya mchezo wa wawili, kuupiga mpira kabla haujadunda. Ndiyo maana watoto wetu wana mikono mizuri kwenye wavu.

Lakini wakishuka Mombasa, au wakienda kama Tampa penye usawa wa bahari, mpira unakuwa mzito, haufiki. Wiki mbili za kwanza wanaupiga kwenye wavu. Wengi wanadhani wameugua.

#23 Mpiga Sevu

Unasahau viwanja vingi hapa ni vya udongo, udongo unapunguza kasi. Hata Nairobi Club walipocheza Billie Jean King Cup, yale mashindano ya timu za taifa za wanawake, Juni 2023 ilikuwa udongo.

#24 Nyuzi na Mipira

Udongo unapunguza baada ya mpira kudunda, kaka. Voli haidundi.

#25 Mwokota Mipira

Hapo amekushika.

#26 Raketi ya Umoja

Wadau, nimerudi. Asanteni.

Nilimuuliza. Tulikuwa jikoni, anachambua sukuma. Alinyamaza kidogo, akasema, "Mama, nikicheza peke yangu nikikosea najichukia. Nikicheza na yeye nikikosea tunacheka, halafu ya pili naipata." Akaendelea na sukuma yake. Sikuwa na la kumwambia.

Jumamosi nilikwenda kuwaangalia, safari hii nikaketi kando ya wavu badala ya kule mbali tunakokaa kina mama. Walikuwa nyuma 2-4. Mwenzake alikosa sevu mbili mfululizo, pointi ikaenda. Binti yangu hakumtazama usoni. Alimwendea, akaishika raketi ya mwenzake, akawa anazinyoosha zile nyuzi kwa vidole, moja moja, kama anayesuka. Hakusema kitu hadi mwisho. Kisha akasema, "Tupa ya pili juu zaidi, mimi navamia." Wakaichukua ile gemu. Walishindwa 5-7 lakini hilo silisemi.

Jumapili tuliandika barua pepe kwa makocha 14. Hadi leo wamejibu wawili. Mmoja anauliza UTR yake, ile namba ya kupima kiwango cha mchezaji, ni ngapi. Mwingine anataka video ya mechi nzima, hakusema ya mmoja au ya wawili.

#27 Mwalimu wa Michezo

Tuma zote mbili. UTR nayo ina ya mmoja mmoja na ya wawili, kila moja na hesabu yake, kwa hiyo mechi zake za wawili ziingizwe pia. Wengi hawaziingizi.

#28 Shangazi Alabama

Na usikate pale wanapozungumza. Wazazi wengi hukata, wanaacha mipira mizuri tu. Acha sauti. Mimi ningekuwa kocha ningeitazama ile ya nyuzi mara tatu.

#29 Mwokota Mipira

Bado nasema pesa. Lakini video naweza kuja kuwachukulia, nina simu nzuri na kile kigogo cha kuifunga kwenye uzio. Mama, ni uwanja gani na saa ngapi?

#30 Raketi ya Umoja

Jumamosi saa mbili asubuhi, kabla jua halijakuwa kali. Uwanja nakutumia inboksi, sitaki kocha aone hapa. Wanacheza na wasichana waliowafunga wiki iliyopita.

#31 Nyuzi na Mipira

Niletee raketi zote mbili Alhamisi, ya binti na ya mwenzake. Nitazifunga kwa mvuto mmoja.